Mashahidi Wawili wa Konokono

4 Februari

Mwanangu Bundi,

Barua yako ilifika Jumanne ikiwa na muhuri wa posta ya mlimani, na alama ya kikombe cha chai nyuma ya bahasha. Alama ya kikombe si kosa la posta. Ni lako. Ulikuwa hivyo tangu shuleni.

Nianze na mambo ya nyumbani. Lifti imeharibika tena, na mwenye jengo anasema kwamba fundi yuko njiani. Fundi huyo yuko njiani tangu mwaka jana. Nadhani anakuja kwa miguu kutoka nchi nyingine. Kinyozi wa ghorofa ya chini anakusalimu. Ameongeza kiti cha pili, lakini wateja wote wanataka kiti cha kwanza, kwa kuwa ndicho kilicho karibu na redio.

Umeniuliza kwa nini sasa nakuandikia kwa taipureta badala ya kalamu. Vidole vyangu vimechapa mwenendo wa kesi za watu pale mahakamani maisha yangu yote, na havikubali kustaafu eti kwa sababu mimi nimestaafu. Tena mwandiko wa mtu wa umri wangu huyumba. Chapa haiyumbi.

Sasa kazi. Giza la mwezi wa Aprili tutamchora Konokono. Najua kwamba ni mgumu. Ni galaksi nzima yenye nyota zisizo na idadi, na bado katika darubini yetu ya juu ya paa yeye ni pumzi tu iliyobaki kwenye kioo cha dirisha. Kwa hiyo nakukumbusha sheria zetu, hata kama wewe una anga la mlimani lisilo na taa hata moja, na mimi nina bomba lenye kioo nilichokisugua kwenye meza ya jikoni huku marehemu mama yako akiniuliza atakatia wapi vitunguu.

Kila mmoja achore peke yake: nyota nyeusi, anga jeupe. Kila mmoja atie mchoro wake posta kabla hajauona wa mwenzake, kwa kuwa mashahidi wawili hawakai chumba kimoja kabla ya kutoa ushahidi. Usichore unachokijua, chora unachokiona. Na ukitaka kumwona, usimkazie macho. Tazama pembeni kidogo, kama mtu anayesikiliza mazungumzo ya watu huku akijifanya anasoma gazeti. Vitu hafifu vya mbinguni huonekana kwa pembe ya jicho. Ukivitazama usoni vinatoweka.

Nakuomba tena usipige simu. Simu ninayo kwa ajili ya habari za misiba.

Baba yako


19 Februari
Mlimani

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Barua yako imenikuta salama, na kikombe nimekitenga mbali na bahasha hii.

Huku baridi ni ile ile. Mlinzi wa lango anavaa makoti mawili na kulalamika kana kwamba amevaa shati. Kuba la darubini kubwa linafunguka kila jioni kwa mlio wa mlango unaotaka mafuta, na kila jioni mtu anasema atalipaka mafuta kesho. Mimi huwa natoka nje na darubini ndogo uliyonipa, naketi kwenye ule mwamba bapa niliokueleza, na kungoja macho yazoee giza.

Wiki iliyopita nilitazama lile fungu la nyota tuliloliita Chumvi. Bado naona kama mtu aliyekuwa akipika alishtuka na kuumwaga mfuko mzima. Kisha nikatazama fungu letu jingine, Kiota. Unakumbuka nilipokiona mara ya kwanza nikakuuliza mayai yako wapi, nawe ukanijibu kwa uso mkavu kabisa kwamba ndege bado hajarudi? Nilimngoja yule ndege miaka mingi, Baba.

Konokono nimekubali. Sheria nazijua. Usipande ngazi ya paani bila viatu vyenye kamba.

Binti yako,
Bundi


20 Februari

Shangazi,

Shikamoo. Umeniuliza kwa nini barua zangu kwako zina muhuri wa mji na za Baba zina muhuri wa mlimani. Nitakwambia, lakini uniahidi kwanza kwamba hutamwambia. Usisome mstari unaofuata kabla hujaahidi.

Sipo mlimani. Sipo tangu Septemba. Darubini sasa inaendeshwa kwa kompyuta na watu walio mbali, ambao hawajawahi kuigusa. Sisi tulishukuriwa kwa hotuba fupi na keki, tukapandishwa kwenye gari. Amebaki mlinzi peke yake. Yeye hupokea barua za Baba na kunitumia, na mimi zangu humtumia ndani ya bahasha kubwa ili azitie posta ya kule. Anasema anafurahi kupata jambo la kumfanya ateremke hadi posta. Vinginevyo angesahau kuongea.

Kwa sasa nakagua chupa kiwandani. Zinapita mbele ya taa nyeupe, moja baada ya nyingine, nami nimeketi kwenye kiti kirefu natafuta kombo na vumbi. Msimamizi anasema nina jicho. Sikumwambia nililipata wapi.

Chumba changu kina dirisha moja, na dirisha lina bango la taa la duka la magodoro. Bango halizimwi. Nikilala ukuta unakuwa wa buluu, halafu mwekundu, halafu wa buluu tena. Juu ya mji huu naona nyota za kuhesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Darubini iko chini ya kitanda, imefungwa shuka. Michoro ninayompelekea Baba ni ya zamani. Naitoa ile niliyochora mlimani, nainakili upya, naandika tarehe mpya.

Simwambii kwa sababu unamjua. Ukoo mzima ulisema kwamba binti hapotezi ujana wake mlimani akitazama nyota, na yeye peke yake alisimama akasema nitakwenda. Mama hayupo tena. Kazi hana tena. Ana binti aliye mlimani, basi. Nikishuka, atabaki na nini?

Mwanao


6 Machi

Mdogo wangu,

Naandika kwako jambo ambalo sitaki lifike kwa binti yangu, na naomba uahidi hivyo kabla hujaendelea kusoma.

Macho yananiacha. Jicho la kulia lilitangulia, na la kushoto linalifuata. Si giza. Ningekuwa na subira na giza. Ni doa lililokaa katikati ya kila ninachokitazama. Nikitazama saa, saa haipo, ukuta upo. Nikimtazama kinyozi usoni, naona masikio yake tu, na nakuhakikishia kwamba hayo siyo uzuri wake. Daktari anasema doa halitaondoka, na kwamba linapanuka. Aliniambia, kwa upole, kwamba kama kuna nyuso ninazotaka kuziona nisikawie.

Kusoma nimeacha. Barua za Bundi husomewa chini, kwenye kile kiti cha kwanza, na kinyozi huzisoma kwa sauti kubwa kwa sababu redio haizimwi. Wateja wamezizoea. Kuna fundi bomba mmoja ambaye sasa hawezi kunyolewa ndevu bila kuuliza habari za Kiota. Unaweza kufikiri jinsi ninavyoona haya, mimi niliyewafukuza watu mahakamani kwa kunong'ona.

Kuandika, taipureta inanitosha. Kuchora ndiko kulikonifikisha mahali pabaya. Ngazi ya paani iliniangusha mwezi wa Novemba. Hilo hukuambiwa, na sasa umeambiwa, usilirudie. Tangu hapo sijapanda. Mchana nabandika mchoro wa zamani kwenye kioo cha dirisha, naweka karatasi juu yake, na nafuatisha mistari kwa pembe ya jicho. Kisha nachapa tarehe mpya na kumpelekea mwanangu kama ushahidi.

Simwambii kwa sababu akijua atashuka. Atashuka kesho yake asubuhi, ataiacha darubini kubwa na lile anga, ili aje kunishika mkono kwenye ngazi na kunionyesha chumvi iko wapi mezani. Sikubishana na ukoo mzima ili iwe hivyo.

Kaka yako


15 Machi

Kaka,

Nimeahidi, kwa hiyo nitanyamaza. Lakini kunyamaza hakunizuii kukusema.

Uliangukaje ngazini Novemba na mimi nikaja Desemba, ukanikaribisha chai, ukaniambia unachechemea kwa sababu ya kiatu? Nilikuamini. Mimi mkunga, niliyewajua wanawake wenye uchungu kwa jinsi walivyobisha hodi, nikaamini habari ya kiatu.

Sasa sikiliza. Mwandikie mtoto. Mwambie. Sikuelezi kwa nini nakuhimiza, na usiniulize. Nasema tu kwamba mlima huenda usiwe mzito kama unavyodhani. Na wewe acha kumwita Bundi. Nimekuomba tangu akiwa mdogo. Mtu hampi mtoto wa kike jina la ndege wa mkosi kwa sababu tu hataki kulala mapema.

Mdogo wako


15 Machi

Mwanangu,

Nimekubeba mgongoni ukiwa na surua, na hiyo siri yako ni nzito kuliko ulivyokuwa wewe. Nilitunza siri za mtaa mzima, nani baba wa nani, na sikuwahi kukosa usingizi. Yako inaninyima.

Mwandikie baba yako ukweli. Usisubiri Konokono wala mdudu mwingine yeyote. Nenda kamwone. Siwezi kukwambia zaidi ya hapo kwa sababu nimefungwa mdomo pande mbili, kama mfuko wa unga. Nenda tu.

Magodoro hayo ya kwenye bango, angalau ni mazuri?

Shangazi yako


17 Aprili
Mlimani

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Huyu hapa Konokono.

Anga lilikuwa safi kabisa, upepo mdogo tu. Nilingoja macho yazoee, kisha nikatazama pembeni kama ulivyonifundisha, naye akatokea polepole, kama doa la maziwa kwenye kitambaa. Nimeona mikono miwili. Wa kushoto umejikunja zaidi, na mwishoni una kifundo kidogo cha mwanga. Nyota tatu za mbele ziko pale pale zilipokuwa. Hakuna kilichobadilika.

Ningependa ungekuwa hapa. Sijui kwa nini nimeandika hivyo, tumekubaliana tusiandike mambo ya hivyo.

Bundi


17 Aprili

Mwanangu Bundi,

Nakupelekea Konokono. Hali ya anga ilikuwa nzuri. Mkono wa kushoto umejikunja kuliko wa kulia, na mwishoni kuna kifundo. Nyota tatu za mbele zipo mahali pake. Sikuona badiliko lolote.

Mwaka huu alichelewa kutokea. Au mimi nilikuwa na haraka.

Baba yako


29 Aprili

Shangazi,

Nimefedheheka, na nadhani unajua kwa nini.

Jana nilipokea mchoro wa Baba kutoka kwa mlinzi, na nyuma ya bahasha ameandika kwa mkono wake: "Dada, umesikia? Kuna nyota imelipuka ndani ya Konokono wenu. Tangu tarehe nane. Wale wa kompyuta wanapiga simu hadi getini kuniuliza kama kuna mawingu. Hata mimi nimeiona kwa darubini ndogo ya wageni, na mimi sioni hata funguo zangu."

Unaelewa? Nyota nzima imekufa kwa kishindo katika galaksi nyingine, mwanga wake umesafiri muda usiofikirika, ukafika juu ya paa la Baba na juu ya paa la kiwanda cha chupa. Na mimi nimemwandikia mzee kwamba hakuna kilichobadilika. Nimenakili mchoro wa miaka mitatu iliyopita. Atautazama mara moja tu na kujua kwamba sikutazama.

Nilifungua mchoro wake nikitegemea kuiona hiyo nyota imewekwa kwa ncha ya penseli, nyeusi, mahali pake sawasawa. Haipo, Shangazi. Mikono miwili, kifundo, nyota tatu. Basi.

Baba hawezi kuikosa. Baba ndiye aliyeniambia niwe na haya nikiacha hata nukta. Kuna jibu moja tu: umemwambia. Amejua kwamba nipo mjini na sioni kitu, ameiona nyota, na ameiacha makusudi ili mchoro wake ulingane na wangu nisiaibike. Amevunja sheria yake mwenyewe kwa ajili yangu. Laiti angenikaripia tu.

Uliahidi.

Mwanao


30 Aprili

Mdogo wangu,

Nilikuamini, na nasikitika kwamba inanibidi kuandika hivi.

Jumamosi nilikuwa kwa kinyozi. Redio ilitangaza kwamba nyota imelipuka katika galaksi, na wakaeleza iko wapi. Fundi bomba akaruka kitini na povu kwenye shavu, akasema, "Mzee, si yule konokono wenu?" Ndiye. Wakasema inaonekana hata kwa darubini ndogo, na kwamba imekuwapo tangu siku kadhaa kabla sijauweka mchoro wangu posta. Watu wote wa pale walinigeukia. Kinyozi akaniuliza, "Wewe uliiona, siyo?" Nikasema nitawajibu nikimaliza kunyolewa.

Mchoro wa Bundi ulifika juzi. Nilimwomba kinyozi autazame kwa makini, kwa kuwa mlimani hawakosi kitu kama hicho. Aliusogeza kwenye taa ya kioo chake. Akasema, "Mzee, hapa naona nywele zimefagiliwa kwa mviringo, na nukta tatu." Nikamwambia atafute nukta ya nne, ndani ya nywele, upande wa mkono wa kushoto. Akatafuta hadi mteja wake akalalamika. Haipo.

Binti yangu yuko chini ya anga bora kuliko yote. Aliiona. Haiwezekani kwamba hakuiona. Kwa hiyo amejua kwamba mimi sioni, na ameiacha nyota nje ya mchoro wake ili usinisute. Amedanganya kwa maandishi, kwa sababu ya kunihurumia. Na hakuna mwingine aliyejua habari za macho yangu isipokuwa wewe.

Huruma hiyo sikuiomba.

Kaka yako


5 Mei

Kaka yangu, na wewe mwanangu,

Barua hii nimeiandika mara mbili, neno kwa neno, na kila mmoja wenu amepata yake. Ndiyo maana mkono unaniuma, na ndiyo maana sitakuwa na adabu.

Sikumwambia mtu neno. Si wewe, si wewe. Nimekaa na midomo yangu imeshonwa tangu Februari, na shukrani zenu ni kuniandikia katika siku mbili zinazofuatana kwamba mimi ni mmbea. Umbea wenyewe ningeuweza vizuri sana kama mngeniruhusu.

Hakuna aliyeacha nyota nje ya mchoro kwa hisani. Fikirini hapo. Mna akili nyingi za mbinguni, tumieni kidogo hapa chini. Kila mmoja wenu amwulize mwenzake alikuwa wapi jioni ile, na amngojee ajibu. Mimi nimejitoa. Ninyi wawili mmenifanya sanduku la posta, na sanduku limejaa.

Shangazi wa mmoja, dada wa mwingine


9 Mei

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Tazama muhuri. Si wa mlimani.

Mlima ulifungwa kwetu Septemba. Ninakagua chupa katika mji ambao hauna giza. Konokono niliyekupelekea nilimnakili kutoka kwenye mchoro wangu wa zamani, nimekaa kitandani, na ukuta ukibadilika rangi. Kile Kiota na ile Chumvi ya Februari pia. Mwamba bapa upo kweli, lakini sijauketia tangu niondoke, na darubini uliyonipa iko chini ya kitanda, imefungwa shuka. Sheria zako zote nimezivunja, isipokuwa ile ya simu.

Sikukwambia kwa sababu nilidhani kwamba unaishi kwa kunifikiria nikiwa kule juu. Kila ulipoandika "anga la mlimani" nilishindwa. Wakati mwingine, nikiandika kuhusu baridi, nilivaa sweta ili nisiseme uongo mtupu.

Sasa nakuuliza wewe, na Shangazi anasema nikungojee ujibu. Nyota ile mpya haimo katika mchoro wako. Jioni ile ulikuwa wapi, Baba?

Binti yako,
Bundi


16 Mei

Mwanangu Bundi,

Barua yako ilinikuta na karatasi ikiwa tayari kwenye taipureta, nimechapa mstari mmoja tu: "Jioni ya tarehe kumi na saba Aprili ulikuwa wapi?" Umenitangulia.

Kinyozi alianza kuisoma kwa sauti yake ya siku zote. Alipofika kwenye muhuri aliiweka barua kando. Akazima redio, akawaomba wateja wasubiri nje, na fundi bomba akatoka na taulo shingoni bila kubisha. Kisha akanisomea polepole, karibu na sikio. Ndiyo, mwanangu, nasomewa. Macho yangu hayasomi tena. Tangu mwaka jana kuna doa katikati yake, nalo linakua. Mchoro wangu wa Konokono nilifuatisha wa zamani kwenye kioo cha dirisha, mchana, nikinywa chai. Hapo ndipo nilipokuwa.

Nimeketi mahakamani muda wa kutosha kujua jambo hili, na najilaumu kwamba sikulitambua kabla shangazi yako hajakasirika. Mashahidi wawili wakisema kweli, daima watatofautiana kidogo: mmoja ataona kofia, mwingine hataiona. Mashahidi wawili wakikosea kosa lile lile, mahali pale pale, hakimu hajisumbui kuuliza zaidi. Anajua kwamba hawakuwapo.

Nilidhani kwamba nikikuambia utaushuka mlima kwa ajili yangu. Wewe ulikuwa umeshashuka, na ulikuwa ukipanda kila mwezi kwa barua ili nisijue. Sijui nikuite mwongo au nikushukuru. Nikupe nini, adhabu gani? Mimi ni mshtakiwa wa pili.

Jioni ya jana nilimwomba kinyozi anisindikize paani. Alinishika kiunoni ngazini, maneno yakimtoka njia nzima. Nilimwelekeza kwa mdomo, naye akaligeuza bomba kama anavyokigeuza kichwa cha mteja, kwa vidole viwili, bila haraka. Alipotazama alisema, "Mzee, hamna kitu humu." Nikamwambia asikaze macho, atazame pembeni. Akasema hajaona kazi ya kijinga kama hiyo. Halafu ikanibidi nimvute shati ili aniachie zamu.

Kisha nikaweka jicho langu. Nilikuwa nimejiandaa kuona doa. Doa lilikuwepo, Bundi, pale katikati, limekaa kama afisa. Lakini katikati si mahali ambapo mimi na wewe tulizoea kutazama. Nikapeleka jicho kando kama tulivyofanya siku zote, na Konokono akatokea. Hafifu, lakini ni yeye. Na katika mkono wa kushoto, karibu na kifundo, palikuwa na nukta kali moja ambayo haikuwahi kuwapo. Nimeiona. Naandika hivi kama ushahidi, na shahidi wa pili ni kinyozi, ambaye sasa anamweleza kila mteja kana kwamba yeye ndiye aliyeilipua.

Ugonjwa huu umeniachia pembeni tu. Kwa Konokono, panatosha.

Nyota hiyo inafifia, wanasema redioni. Haitangoja hadi kiwanda chako kifunge mwaka. Wala doa langu halitangoja, na hilo daktari amelisema bila kuzunguka. Kwa hiyo njoo. Njoo na darubini iliyo chini ya kitanda, uitoe kwenye shuka. Chumba chako kimejaa magazeti, nitayaondoa. Lifti haifanyi kazi. Nimemwandikia shangazi yako kuomba radhi, na nakushauri ufanye vivyo hivyo upesi.

Kuna jambo moja ambalo lazima ulijue kabla hujabisha hodi. Ukiingia, sitakutazama. Nitatazama kitasa cha mlango, au kalenda, au dirisha. Usidhani kwamba nimekasirika, wala kwamba sikutambui. Nikikutazama usoni, unatoweka, na sitaki utoweke. Simama tu hapo mlangoni kwa muda, bila kusema kitu, na uniache nitazame kalenda. Nitakuwa nakuona.

Baba yako